Emile Griffith: Bondia aliyesamehewa kuua ulingoni, akanyimwa msamaha wa kupenda

Jumamosi asubuhi, Machi 24, 1962, jijini New York. Mabondia wawili wanapima uzito kwa ajili ya pambano la ubingwa wa dunia litakalopigwa usiku huohuo. Emile Griffith yuko juu ya mzani, hana nguo mwilini zaidi ya chupi. Mpinzani wake, Benny Paret wa Cuba, anamjia kwa nyuma, anamshika makalio, anacheka, halafu anamtupia neno moja la Kispanyola: maricón.

Huhitaji kamusi kulielewa neno hilo. Kila lugha ina neno lake la kumwambia mwanaume kwamba yeye si mwanaume kamili, na Kiswahili tunayo zaidi ya moja. Griffith alizaliwa visiwani Karibi, jirani kabisa na Puerto Rico, kwa hiyo alielewa vizuri alichoambiwa. Alitaka kumrukia palepale. Kocha wake akamzuia, akamtaka hasira hiyo aitunze mpaka usiku.

Usiku huo Paret alibebwa kwa machela. Siku 10 baadaye alifariki dunia.

Hadithi hii imesimuliwa mara nyingi sana, na karibu kila mara kwa mpangilio uleule: tusi, hasira, kifo. Kwa sinema inapendeza. Lakini ukiikubali hivyo ilivyo unawaacha nje watu wengi ambao kazi yao usiku ule ilikuwa kumlinda Paret, na unamwachia Griffith mzigo wote peke yake. Aliubeba kwa miaka 51.

Kijana wa kiwanda cha kofia

Emile Alphonse Griffith alizaliwa Februari 3, 1938, kisiwani St. Thomas, katika Visiwa vya Virgin vya Marekani. Familia ilikuwa kubwa na kipato kidogo. Mama yake aliondoka kwenda kutafuta kazi, watoto wakabaki wakilelewa na ndugu. Emile alimfuata mama yake New York akiwa bado kijana mdogo.

Huko hakwenda kutafuta ngumi. Alipata kazi kwenye kiwanda cha kofia za wanawake cha Howie Albert, mtaa wa mafundi nguo pale Manhattan. Kazi ilianza kama ya kijana wa stoo, kubeba na kufungasha mizigo, lakini baadaye akaanza kubuni kofia mwenyewe. Na alizipenda kwelikweli. Hakuwa anaigiza ili magazeti yampige picha.

Siku moja joto lilizidi, Emile akaomba ruhusa avue shati afanye kazi kifua wazi. Albert alimtazama: mabega mapana kama mlango, kiuno chembamba kama cha mcheza dansi. Bosi huyo aliwahi kupigana ngumi za ridhaa enzi zake, hivyo hakuhitaji kuambiwa anaangalia nini. Akamchukua akampeleka kwa kocha Gil Clancy.

Emile mwenyewe hakuwa na shauku hiyo. Hata hivyo mwaka 1958 alitwaa ubingwa wa mashindano ya Golden Gloves ya New York, na mwaka huohuo akaingia ngumi za kulipwa. Albert na Clancy wakawa mameneja wake.

Waliomfahamu walimtaja kama mtu mcheshi, mwenye sauti nyembamba, anayependa kuimba, kucheza muziki na kuvaa nguo za kubana. Mama yake alikuwa akikaa karibu na ulingo akipiga kelele kuliko washabiki wote. Pesa zilipoanza kuingia, Emile alizimwaga kwa familia: mama, wadogo zake, binamu, wote. Ni kama yule mtoto wa kwanza kupata kazi mjini. Kila mwisho wa mwezi kuna mtu mlangoni.

Kitu ambacho hakikuandikwa

Usiku, Emile alikuwa akienda kwenye baa za eneo la Times Square walikokutana wanaume wanaopenda wanaume. Wanamichezo wenzake walijua, na waandishi wa ngumi walijua au walihisi. Hakuna aliyeandika. Walichofanya ni kutaja kofia. Habari ya Griffith ilikuwa haikosi sentensi kuhusu kofia za wanawake na ile sauti yake nyembamba, na msomaji akaachwa ajaze mwenyewe.

Kwa nini walinyamaza? Lazima ukumbuke mwaka. Mwaka 1962 mapenzi ya jinsia moja yalikuwa kosa la jinai New York. Chama cha madaktari wa akili cha Marekani kiliyahesabu kuwa ugonjwa, na kiliyaondoa kwenye orodha yake mwaka 1973. Polisi walikuwa wakivamia baa hizo na kukamata watu, na ghasia za Stonewall, ambako wateja wa baa moja ya New York waligoma kukamatwa, zilikuja mwaka 1969. Mtu akijulikana alipoteza kazi, nyumba, pengine na familia. Kwa bondia, ambaye biashara yake yote ni kuonekana dume, ilikuwa ni mwisho wa kila kitu.

Ndiyo maana tusi la Paret halikuwa utani wa kawaida wa mabondia. Lilisemwa mbele ya waandishi wa habari, na lilikuwa na uwezo wa kumfilisi mtu. Mwandishi wa gazeti la New York Times alitaka kueleza wazi Paret alimaanisha nini. Wahariri wake wakaondoa neno lenyewe na kuweka jingine la kuzungukazunguka, lisilo na maana yoyote kwa msomaji. Kwa hiyo Griffith alitukanwa hadharani, halafu aibu ikafichwa kwa niaba yake bila yeye kuulizwa.

Mkata miwa kutoka Cuba

Ni rahisi kumgeuza Paret kuwa mtu mbaya wa hadithi. Ukweli ni kwamba alikuwa kijana maskini mwenye maisha yanayofanana sana na ya Emile.

Bernardo Paret, waliyemwita Kid, alizaliwa mwaka 1937 Santa Clara, Cuba. Alikata miwa kabla ya kupigana ngumi. Ulingoni hakuwa mjanja wa kukwepa, sifa yake ilikuwa kuvumilia. Unampiga, anapokea, anasogea mbele. Mabondia wa namna hiyo washabiki huwapenda sana, na mameneja huwapenda zaidi, maana hawakatai pambano.

Mwaka 1960 Paret alitwaa ubingwa wa dunia wa uzani wa welta, ambao mwisho wake ni kilo 66.7 hivi. Aprili 1, 1961, pale Miami Beach, Griffith akamnyang'anya kwa KO ya raundi ya 13. Septemba 30 mwaka huohuo wakarudiana New York, Paret akarudisha mkanda kwa pointi, majaji wakiwa wamegawanyika.

Sasa angalia tarehe zinazofuata, maana hapa ndipo penye jambo. Siku 70 tu baada ya raundi hizo 15, yaani Desemba 9, 1961, meneja wake Manuel Alfaro alimpeleka Las Vegas kupigana na Gene Fullmer. Fullmer alikuwa bingwa wa uzani wa kati, mtu mzito zaidi na mpiga mawe. Paret alipokea kipigo cha kutisha mpaka akaangushwa na kumalizwa raundi ya 10.

Miezi mitatu na nusu baadaye akapandishwa tena ulingoni kwa Griffith. Tume ya ngumi ilitoa ruhusa. Madaktari walipitisha. Meneja alisaini.

Hata leo watu wa ngumi wanajua kwamba ubongo uliotikiswa unahitaji muda. Ukipigwa kichwani sana, ubongo husukwasukwa ndani ya fuvu na mishipa midogo ya damu inaweza kuchanika. Damu ikivuja inakosa pa kwenda, inaukandamiza ubongo. Aliyewahi kuumia karibuni yuko hatarini zaidi kuliko aliyepumzika. Paret hakupewa muda huo.

Raundi ya 12

Pambano la tatu lilipigwa ukumbi wa Madison Square Garden na kuonyeshwa moja kwa moja na televisheni ya ABC nchi nzima. Mke wa Paret alikuwa mjamzito, na walikuwa na mtoto mdogo wa kiume.

Griffith aliongoza raundi nyingi, lakini raundi ya sita karibu imalizike pambano. Paret alimfumua kwa makonde mfululizo, Griffith akaenda chini. Akainuka, kengele ikamwokoa. Kama kengele ingechelewa kidogo, huenda leo tusingekuwa na habari hii.

Raundi zilizofuata Griffith alirudi mchezoni. Kabla ya raundi ya 12, Clancy alimpa maelekezo ya kawaida ambayo kocha yeyote angempa bondia wake: ukimpata kwenye matatizo, usiache kupiga mpaka akukumbatie au mwamuzi aingilie.

Akampata. Paret alibanwa kwenye kona, mgongo kwenye kamba, kichwa kikining'inia nje ya kamba. Hakuwa anajikinga tena. Griffith alipiga, akapiga, akapiga, ngumi za mkono wa kulia zikitoka chini kwenda juu kwa kasi ambayo macho hayakuweza kuifuata. Hesabu zinatofautiana kulingana na anayehesabu: wapo wanaosema ngumi 18, wapo wanaosema 29. Paret hakuanguka kwa sababu kamba zilikuwa zimemshikilia. Hilo ndilo lililommaliza. Angeanguka, angehesabiwa na pambano lingesimama.

Mwamuzi Ruby Goldstein alikuwa hatua chache pembeni. Alikuwa mmoja wa waamuzi wenye heshima kubwa Marekani, na kabla ya hapo aliwahi kulaumiwa kwa kusimamisha mapambano mapema mno. Paret naye alikuwa na sifa ya kujifanya amechoka halafu anaibuka ghafla, kama alivyofanya raundi ya sita. Goldstein alisubiri. Alipomvuta Griffith, raundi ilikuwa na dakika 2 na sekunde 9. Paret akateleza taratibu kwenye kamba mpaka sakafuni.

Meneja Alfaro alikuwa kwenye kona na alikuwa na haki ya kusimamisha pambano. Hakusimamisha. Baadaye alimlaumu mwamuzi.

Video ya dakika hizo ipo, utaipata ukitafuta. Niliitazama mara moja. Sitairudia, na wala sikushauri.

Siku 10

Paret alipelekwa hospitali ya Roosevelt, akafanyiwa upasuaji kupunguza damu iliyokuwa inaubana ubongo. Hakuzinduka tena. Griffith alikwenda hospitali kutaka kumwona, hakuruhusiwa. Watu walimtambua barabarani na kumtukana. Barua zilikuja kwa wingi, nyingine za kumwita muuaji.

Paret alifariki Aprili 3, 1962, akiwa na miaka 25.

Uchunguzi ulifanyika. Mwamuzi akasafishwa, na Griffith hakuonekana ana kosa kwa sababu alifanya kile ambacho sheria za mchezo zilimruhusu. Goldstein hakurudi kwenye uamuzi kama zamani, kazi yake ilikuwa kama imeishia pale. Gavana wa New York, Nelson Rockefeller, aliagiza jopo kuchunguza mchezo wenyewe. Wanasiasa walitaka ngumi zipigwe marufuku, hazikupigwa. Televisheni ndiyo iliyoondoka: kufikia 1964 ngumi za kila wiki zilikuwa zimetoweka kwenye vituo vikubwa vya Marekani, na zilikaa nje kwa miaka mingi.

Katika hayo yote, swali ambalo kila mwandishi alitaka kumuuliza Griffith lilikuwa moja. Je, ulimpiga vile kwa sababu ya lile neno?

Alijibu kwa namna tofauti katika miaka tofauti. Mara zote alikana kwamba alikusudia kuua. Alikiri kwamba neno lilimuumiza na kumkasirisha. Kwa mtazamo wangu, swali lenyewe lilikuwa na mtego. Akisema ndiyo, ni muuaji. Akisema hapana, inabaki kuulizwa: sasa ulikasirika nini, kama si kweli? Kwa zaidi ya miaka 40 hakuwa na jibu ambalo lisingemfungua mlango mwingine wa balaa.

Na kama ni hasira peke yake iliyoua, mbona hatujui la kusema kuhusu Davey Moore? Machi 21, 1963, karibu mwaka mmoja kamili baadaye, Griffith alipigana uwanja wa Dodger, Los Angeles, akapoteza mkanda kwa pointi kwa Luis Rodriguez. Usiku huohuo, ulingo uleule, Davey Moore alipoteza ubingwa wake wa uzani wa unyoya kwa Sugar Ramos. Hapakuwa na tusi wala chuki yoyote maarufu kati yao. Moore alianguka, shingo yake ikagonga kamba ya chini. Alitoka ulingoni kwa miguu yake, akazungumza na waandishi, kisha akapoteza fahamu. Alifariki Machi 25. Griffith alikuwa kwenye jengo hilohilo.

Bingwa anayeogopa mkono wake

Alirudi ulingoni Julai 13, 1962, akamshinda Ralph Dupas kwa pointi. Ukitazama kazi yake kuanzia hapo utaona kitu. Alishinda sana, ila kwa pointi. Katika mapambano 112 ya maisha yake, alishinda 85 na kupoteza 24, lakini KO zilikuwa 23 tu. Mwenyewe alieleza baadaye kwamba baada ya Paret aliogopa kuumiza mtu. Alikuwa akipiga kiasi cha kushinda, akimwona mpinzani amelegea anapunguza. Usiku aliota ndoto za Paret, na ndoto hizo hazikumwacha hadi uzeeni.

Pamoja na hofu hiyo, bado alikuwa miongoni mwa mabondia bora kabisa wa zama zake. Alirudisha mkanda wa welta kutoka kwa Rodriguez Juni 1963. Jarida la The Ring lilimchagua bondia bora wa mwaka 1964. Aprili 25, 1966 alipanda uzani wa kati na kumnyang'anya ubingwa Dick Tiger, yule Mnigeria aliyekuwa fahari ya Afrika wakati ule. Ulikuwa uamuzi wa pointi ambao wengi hawakukubaliana nao, na nikiri tu kwamba Mwafrika ndani yangu nami hajaukubali. Kisha zikaja vita tatu na Nino Benvenuti wa Italia mwaka 1967 na 1968. Griffith alishinda moja, akapoteza mbili.

Akakaa ulingoni muda mrefu kuliko ilivyopaswa. Alipigana mara mbili na Carlos Monzon wa Argentina, mara ya pili akiwa na miaka 35, na alipoteza zote. Pambano la mwisho lilikuwa Monte Carlo Julai 30, 1977, dhidi ya Alan Minter wa Uingereza. Akashindwa kwa pointi, akatundika glovu.

Kuhusu maisha yake ya ndani: alioa mwaka 1971. Ndoa haikudumu, ingawa mtoto wa mke huyo alimchukua kama wake. Baadaye alifanya kazi ya ulinzi kwenye kituo cha vijana watukutu huko New Jersey. Pale alikutana na kijana ambaye alikuja kumfanya mwanawe wa kulea, na kijana huyo ndiye aliyemuuguza hadi mwisho. Alifundisha ngumi pia. Wilfred Benitez, aliyekuwa bingwa wa dunia, alipita mikononi mwake, na kwa muda alifundisha timu ya Denmark. Mwaka 1990 aliingizwa kwenye Ukumbi wa Mashujaa wa Ngumi wa Kimataifa. Wakati wa kumpa heshima hiyo, kifo cha Paret hakikuwa kizuizi kwa mtu yeyote.

Times Square, 1992

Sasa linganisha na hili. Usiku mmoja mwaka 1992, akiwa na miaka 54, Griffith alitoka kwenye baa ya wapenzi wa jinsia moja karibu na kituo kikuu cha mabasi cha New York. Alikuwa amekunywa. Kundi la watu lilimvamia na kumpiga kiasi cha kumwacha karibu na kifo. Alikaa hospitali miezi minne. Mtu aliyesimama raundi 14 na Monzon hakuweza kujitetea mtaani.

Waliompiga walikuwa wezi tu, au walimpiga kwa sababu ya mlango aliotokea? Halikupata kuthibitishwa. Lakini baada ya hapo siri yake haikuwa siri tena, hata kama yeye mwenyewe bado hakuwa ameisema.

Kusema kulikuja mwaka 2005, miaka 43 baada ya ule mzani. Katika mazungumzo na jarida la Sports Illustrated alieleza kwamba amewapenda wanaume na wanawake pia. Majina ambayo watu walitaka kumbandika hakuyapenda, alitaka aachwe kama Emile. Na ni katika miaka hiyo alipotoa wazo ambalo sasa linajulikana kuliko mapambano yake yote: alishangaa kwamba alimuua mtu na watu wengi wakamwelewa na kumsamehe, ilhali kumpenda mtu kukaonekana ni dhambi isiyosameheka.

Lile wazo si maneno ya kupamba. Ni hesabu ya maisha yake. Baada ya Paret kufa, tume ilimsafisha, mapromota walimpigia simu, majarida yalimpa tuzo. Kwa lile jingine hakuna tume iliyokaa, na hakuna aliyemwambia kwamba hana kosa.

Mtoto wa Paret

Mwaka huohuo wa 2005 ilitoka filamu ya kumbukumbu kuhusu maisha yake, iliyotengenezwa na Dan Klores na Ron Berger. Ndani yake Griffith anakutana na mtoto wa kiume wa Benny Paret, yule aliyekuwa mdogo sana baba yake alipobebwa kwa machela. Sasa ni mtu mzima.

Griffith alikuwa na wasiwasi mkubwa kabla ya siku hiyo. Ameshaanza kusahau vitu, maneno yanamtoka kwa shida, anatembea polepole bustanini. Mtoto wa Paret anamjia na kumwambia kwamba hana kinyongo naye. Wanakumbatiana. Griffith analia. Ni kipande kifupi tu, ila kile hata mimi nimekirudia zaidi ya mara moja.

Miaka iliyofuata kumbukumbu ilizidi kupotea. Ugonjwa wa kusahau unaowapata mabondia waliopigwa kichwani kwa miaka mingi ulimla taratibu, mpaka akahitaji uangalizi wa saa zote. Ngumi zilikuwa zimemfikia na yeye, ila kwa mwendo wa pole.

Oktoba 2012, Orlando Cruz wa Puerto Rico alitangaza hadharani kwamba yeye ni shoga huku akiendelea kupigana, bondia wa kwanza wa kulipwa kufanya hivyo. Mwaka uliofuata alipata nafasi ya kugombea ubingwa wa dunia. Alishindwa, lakini alipanda ulingoni kila mtu akijua yeye ni nani.

Juni 2013, mjini St. Louis, ilizinduliwa opera ya mwanamuziki Terence Blanchard inayosimulia maisha ya Griffith, kuanzia kofia hadi kamba za ulingo. Wiki chache baadaye, Julai 23, 2013, Emile Griffith alifariki kwenye nyumba ya kulelea wagonjwa huko Hempstead, jimbo la New York, akiwa na miaka 75. Alizikwa kwenye makaburi ya St. Michael, Queens.